Maiti Aliyepiga Chafya

Jumatatu, 3 Machi
Niwie radhi, shajara. Nimekaa kimya tangu Januari kwa sababu nahariri filamu ya mkwe wangu, na anayehariri filamu ya mkwe wake hana la kuandika linalofaa kusomwa, hata na yeye mwenyewe. Filamu ni ya huzuni: baba anafariki, wanawe wanagombana. Maiti ni mume wangu — alikubali kwa kuwa ni kazi ya kulala.

Jumatano, 5 Machi
Nimetega chambo. Ni desturi yangu tangu nianze kujitegemea: katika rasimu ya kwanza naacha kosa moja la wazi. Mwenye filamu analiona, anaamuru litolewe, anajiona bingwa, na kazi yangu nyingine haiguswi. Safari hii nimeacha pale maiti anapopiga chafya ndani ya jeneza. Hata anayesinzia ataliona.

Ijumaa, 7 Machi
Mkwe ametazama. Kwenye chafya alicheka hadi akashika meza. "Mama, hapa umeniweza."
Nikamwambia ni kosa, likatwe.
"Likatwe? Tunageuza yote iwe vichekesho. Yule msambazaji wa filamu aliyetukataa mwanzoni nimeshamtumia kipande. Anaitaka."
Chambo kimeliwa. Ndoana iko kinywani mwangu.

Jumamosi, 8 Machi
Mume wangu anapiga chafya mbele ya kioo, za kila namna. Ameuliza ipi inaonyesha undani wa mhusika. Nikamjibu kwamba maiti hana undani.
"Wivu tu huo, mke wangu. Miaka yote uko nyuma ya mashine. Mimi nimelala mara moja, nimekuwa nyota."

Jumanne, 11 Machi
Nimekata upya mazishi: ukimya kidogo, chafya, kisha uso wa mjane. Nimecheka. Peke yangu, mlango umefungwa — lakini nimecheka. Filamu zangu zote zimeliza watu. Ndiyo sifa inayoniletea kazi. Wakiliona jina langu hapa, simu haitalia tena. Nikilitoa, mkwe atajua namwonea haya, na nyota wangu hatanisemesha.
Mkwe kapiga simu. Msambazaji anachukua filamu kesho. "Jina lako nimeliweka kubwa, Mama, chini ya la Baba. Au nilitoe?"
Nimemwambia asubiri.
Kwenye skrini pameandikwa Mhariri, na mbele yake jina langu, limeshachaguliwa kwa kipanya, kidole changu kiko juu ya kitufe cha kufuta. Chumba cha pili mtu amepiga chafya. Amewahi mno, angevuta pumzi kwanza. Nimeinuka kwenda kumwelekeza. Nikishaamua kuhusu jina, nitaandika.