Mama wa kwenye filamu anakamua ng'ombe

Nadège, leo sikufika masomo ya jioni. Kaka yangu Ganza ameonyesha filamu yake kanisani hapa Baraka. Ile aliyohangaika nayo Ulaya miaka sita, inayomhusu mama yetu.

Wee! Mama wa kwenye filamu, yule mwigizaji, akachuchumaa, akakamua ng'ombe!

Mwanamke! Anakamua! Kwetu hiyo ni kazi ya mwanaume. Akina mama wa kijijini kwetu Bibokoboko walicheka hadi machozi. "Ganza, kule Ulaya banaume bote balikwisha?"

Ganza alimtazama mama tu, anangoja neno lake.

Mama akasema polepole: "Mutoto wangu, baba yako njo alikuwa anakamua. Ulimuweka wapi?"

Ganza akazima projekta. Amechoka, dada. Nimeomba naye, lakini hakuitikia Amina.