Ngazi Tulizozihesabu

Imus, Cavite
Mwanzo wa Desemba

Mama Liway,

Sisi huku wazima. Paa la jikoni limeacha kuvuja. Boksi ulilotuma kutoka Hong Kong limefika, ila viatu vimembana Liway, nimempa binti wa jirani.

Jana nilikwenda benki kuuliza deni la nyumba limebaki kiasi gani, nikitumaini nikuandikie urudi. Miaka kumi na miwili tumelipa, na tulichokopa hakijapungua hata robo. Kingine chote kimekwenda kwenye riba.

"Ndivyo ilivyo, mzee," karani akaniambia. "Mkimaliza miaka yote thelathini, mtakuwa mmelipa karibu nyumba mbili na nusu."

Jioni hii Liway amenikuta nimekaa kwenye ngazi. Unakumbuka mama yako alivyomsumbua fundi azihesabu alipokuwa akizijenga? Dhahabu, fedha, mauti, dhahabu, fedha, mauti, hadi juu, ngazi ya mwisho isije ikaangukia mauti. Nilipomsimulia mtoto, akaanza kuihesabu miaka ya benki vilevile, kwa vidole.

"Baba, wa thelathini ni mauti. Ngazi mlizihesabu, miaka je?"

Basi akashuka hadi chini, akaanza kupanda, ngazi moja kwa kila Krismasi uliyokula nasi humu ndani. Alisimama kwenye ya pili.

"Fedha," akasema, akakaa hapo hapo.

Bado amekaa hapo ninapokuandikia.

Mumeo,
Crisanto