Sahihi ya Baba

Jumanne, tarehe 14 Oktoba. Leo nitaandika yote, hata lile nililowaficha baba na mama.

Mahakama imekataa rufaa ya baba juu ya shamba letu lililochukuliwa kupanua barabara. Habari za shamba hawakuzisikiliza. Wamesema tu kwamba sahihi si yake.

Ni kweli. Baba hajui kuandika. Barua ya rufaa niliiandika mimi, kwa Kifaransa cha mahakama; yeye alipaswa kutia kidole gumba tu. Niliona haya kuweka doa la wino chini ya Kifaransa changu safi, nikaandika jina lake kwa mkono wangu.

"Weye njo unasomaka," baba aliniuliza jioni, akitaka sababu kutoka kwa msomi wake. "Balikatala juu ya nini?"

"Minyi sijue, tata," nikamdanganya baba.

Akacheka, akiamini ni jambo gumu mno. "Kama hata weye haujue, basi iko nguvu kabisa!"

Kesho anakwenda kumwuliza karani wa mahakama sababu. Ee Mungu, nijibu kabla hajatoka: nimwambie mimi, au aambiwe na mgeni?