Mkanda Niliouloweka

Jumapili. Mawingu yamekalia milima ya Uluguru tangu asubuhi na nguo za jana bado mbichi. Sijali. Leo nimepumua.

Mwezi uliopita muuza vyuma chakavu wa Msamvu alinipa makopo mawili ya mikanda ya filamu kutoka kiwanda cha nguo kilichofungwa zamani. Ni filamu za kufundishia wafanyakazi kufuma. Mimi hutengeneza filamu zisizo na hadithi, rangi na mwendo tu. Basi nikauloweka mkanda mmoja kwenye dawa ya kung'arishia nguo, rangi zikatiririka, nyuso zikayeyuka. Kisha nikaupiga picha kwa simu, kipande kwa kipande. Nilishangilia peke yangu jikoni.

Sikuwa nimeunakili kwanza. Haraka haraka haina baraka, nami ni bingwa wa haraka.

Jumatano nikamsimulia jirani yangu, Mama Rehema, aliyewahi kufanya kazi kiwandani humo. Akaniuliza kama nimemwona mfumaji mrefu mwenye kofia nyeupe. Ni marehemu mumewe, Mzee Abdala. Alipigwa picha za filamu hiyo, akafa bila kuiona, na nyumbani hawana picha yake hata moja.

Nilimwona, ndiyo. Nikamfuta.

Nilijibu kwamba nitaangalia, nikaanza kupitia mlango wa nyuma ili tusikutane. Niliona aibu, na niliogopa. Yeye akikataa, filamu hii siionyeshi popote.

Leo nikajikaza. Nikaenda, nikampa shikamoo, nikakiri yote, nikafungua kompyuta. Akatazama. Kahawia, doa la buluu, halafu mikono miwili ambayo dawa haikuifikia. Uzi umekatika, na mkono wa kushoto unafunga fundo peke yake, wa kulia haujaachia mashine. Akaniambia nirudishe nyuma. Kiwanda kizima, akanieleza, walifunga fundo kwa mikono miwili, isipokuwa Abdala, na msimamizi alimgombeza mpaka akachoka.

"Uso wake ninao mimi, mwanangu," akasema. "Mikono nilikuwa nimeisahau."

Akalia kidogo, akacheka, akadai turudie. Tulirudia mpaka chai ikapoa. Ameniruhusu niionyeshe, mradi aketi mbele.

Kopo la pili halijafunguliwa. Nitaunakili mkanda wake kwanza, kisha Mama Rehema aje anitajie watu waliomo, mmoja mmoja, kabla sijaugusa.