Usianzie Sufuri

Baba,

Wiki ya tatu tangu tukuzike, leo nilipeleka Kayole ule waya uliouacha hapa Umoja, nikazungushe fensi kwenye ploti yako. Kazi yako umeniachia mimi, pamoja na koleo lako. Fensi sikuweka. Nimerudi na hasira, na kwa kuwa huwezi kunijibu, utanisoma hadi mwisho.

Unakumbuka Jumapili zetu tukitoka kanisani? Ulitandaza karatasi ya grafu mezani, chai yako ikipoa, ukanichorea ploti. Kona ya kwanza mbili, moja. Ya pili nane, moja. Ya tatu nane, tano. Ya mwisho mbili, tano. Siku ya kwanza nilihesabu nukta za upande mrefu nikapata saba, ukacheka hadi ukakohoa. "Hesabu nafasi, Mama, usihesabu nguzo." Uliniita Mama kwa kuwa nilipewa jina la mama yako, Nyambura, kama ilivyo desturi yetu kwa binti wa kwanza. Nane toa mbili, sita. Tano toa moja, nne. Jumla kumi, mara mbili, ishirini. Mzingo wetu ulikuwa ishirini, nikaujua kama jina langu.

Niliwahi kukuuliza mbona tunaanzia mbili, na kile kipande cha kutoka sufuri ni cha nani. Ukasema, "Usianzie sufuri. Anzia pale kona ilipo." Nikadhani ni hesabu.

Baba, kwenye kile kipande pana nyumba ya mabati. Mlangoni alikaa msichana wa miaka kama kumi na mbili na karatasi ya grafu magotini, kidole kikitembea juu ya mstatili, anajisemea: hesabu nafasi, usihesabu nguzo. Nikamuuliza anaitwa nani.

"Nyambura," akasema. "Lakini baba huniita Mama. Ni yeye amekutuma uweke fensi? Simu yake haishiki."

Huniita. Hajui, Baba. Nilishindwa kumwambia.

Jina lile hapewi binti wa pili. Ungempa lingine lolote, ningejidanganya kwamba ni mtoto wa mpangaji. Ulitufanya wa kwanza sote wawili, kila mmoja kwa mama yake. Na lile "Mama" lilikuwa langu. Hilo ndilo limeniuma kuliko ploti.

Mstatili wake nimeuona, mwandiko ni wako: sufuri hadi mbili, moja hadi tano. Mzingo kumi na mbili. Ukijumlisha na wetu ni thelathini na mbili, lakini ukizunguka ploti yote mara moja ni ishirini na nne. Zile nane zinazozidi ni ule mstari unaosimama kwenye mbili, nne zake zikihesabiwa kwao na tena kwetu.

Halafu nikapima waya kwa kipimo cha grafu yako. Haukuwa wa ishirini. Ni wa ishirini na nne kamili. Kumbe waya wa kutuzungusha sote ulikuwa nao, mdomo ndio uliokosa. Umeniachia mimi niseme, kwa huyu mtoto na kwa Mama aliyenizaa, ambaye sasa hivi yuko jikoni anachagua mchele na kuimba.

Sijakusamehe. Lakini kwenye ule mstari wa mbili sitachimba shimo hata moja, hilo nakuahidi. Lala, Baba. Leo namwambia Mama. Kesho narudi Kayole, na nitaanzia sufuri.

Nyambura, wa Umoja