Karatasi ya Juu ya Jalada

Kaka yangu mpendwa Khemais,

Asalaam aleikum. Namwomba Mungu barua hii ikukute mzima, wewe na wifi yangu Naziha na watoto, na goti lako lisiwe linakutesa sana kwenye baridi ya huko Marseille. Je, unameza zile dawa au unazipanga tu dirishani? Sisi huku hatujambo, alhamdulillahi. Mama anakula vizuri, anasali akiwa kitini, na bado ananigombeza kwamba kuskusi yangu ina maji. Zeituni zimezaa mwaka huu mpaka matawi yamelala chini.

Nakuandikia kwa sababu kuna jambo utalisikia kwa watu, na nataka ulisikie kwangu kwanza. Nivumilie, nianze mwanzo.

Unamkumbuka Laroussi, mwoka mikate wa mtaa wetu, ambaye kina mama humpelekea sinia zao za mikate ya nyumbani awaokee kwenye tanuri lake. Mwezi wa tatu duka la mshindani wake, lile la upande wa stesheni, liliungua, na mlinzi, mzee Brahim, akaungua mikono yote miwili. Polisi walimkamata Laroussi. Baada ya wiki moja redio ya mji wetu ikatangaza kwamba amekiri. Aliyetangaza ni Ines, binti wa marehemu Hamadi fundi saa, ambaye sasa ndiye mwandishi wao wa habari za mahakama. Alisoma maneno ya kukiri kama yalivyoandikwa, hata dumu jekundu la petroli akalitaja.

Kaka, mji ulitoa hukumu kabla ya adhuhuri. Kina mama wakawa wanapita na sinia zao kichwani mbele ya mlango wa Laroussi, wanakwenda kuoka ng'ambo ya soko, na mkewe Salouha amekaa kizingitini anawatazama mmoja mmoja. Kinyozi Taieb akawa anasema mkate wa Laroussi tangu zamani ulinuka petroli. Nikamwuliza mbona ameula miaka ishirini bila kulalamika, akanijibu kwamba alidhani ni mafuta ya alizeti. Watu wakacheka. Na mimi nilicheka, Mungu anisamehe.

Kesi imeanza mwezi huu. Kazi yangu pale mahakamani unaijua: kahawa, mashine ya nakala, na kubeba majalada kutoka chumba hadi chumba, kwa hiyo nilikuwemo ukumbini. Shahidi wa kwanza alikuwa muuza mboga, akaapa kwamba alimwona Laroussi na dumu jekundu. Wakili wa Laroussi, Bwana Mongi, akamwonyesha aliyowaambia polisi siku ya pili ya moto, kwamba hakuona mtu yeyote. Akamwuliza dumu amelitoa wapi. Yule bwana akajikuna shingo, akasema kila mtu analijua dumu lile, limetangazwa.

Hapo Bwana Mongi akaomba milango ifungwe na redio itolewe nje mpaka kesi iishe. Alisema mteja wake hawezi kupata haki ikiwa mashahidi wanakuja na kumbukumbu za kuazima. Akamgeukia Ines akamwambia kwamba kwa kuwa yeye ameshahukumu, avae kabisa na joho, atamwazima lake. Ines akamjibu kwamba anashukuru, lakini joho la Bwana Mongi lingewatosha yeye na redio nzima. Hata askari wa mlangoni alicheka. Kisha Ines akasema kwa adabu kwamba mzee Brahim hana wakili wala ndugu mwenye cheo, na mlango ukifungwa hakuna atakayejua kama alitendewa haki au la. Bwana Mongi akamtaka aseme nani alimpa karatasi ya kukiri. Alikataa. Jaji Raudha, mama mfupi mwenye sauti ya mwalimu wa darasa la kwanza, alisema sheria inamruhusu binti asimtaje, na kwamba juu ya milango ataamua Jumatatu.

Kaka, niliposikia habari ya kufunga milango niliiona tena siku ile yetu. Unakumbuka kesi ya Baba. Tulisimama na Mama kwenye kile kibaraza tangu asubuhi, mlango umefungwa, hatujui kama wameanza au wamemaliza. Na kabla ya siku ile gazeti lilikuwa limeshamwita haini, na jina lake kamili na kazi yake ya reli. Tangu mapinduzi nimekuwa nikisema kwamba katika mahakama hii, maadamu mimi ninabeba majalada, hakuna karatasi itakayofichwa tena.

Basi sikia. Aliyempa Ines ile karatasi ni mimi, dada yako Beya.

Alikuja kuuliza habari za mzee Brahim, nami nikamhurumia mzee na mikono yake. Unajua majalada yetu hushonwa kwa uzi pembeni, karatasi za polisi juu, na chini za hakimu mchunguzi, yule anayemhoji mtuhumiwa baada ya polisi. Sikutaka kukata uzi. Nilikunja jalada, nikaweka karatasi ya juu kwenye mashine, nikampa. Ya chini sikuisoma mpaka jioni ya kikao kile cha kwanza. Ya chini ndiyo ile ambamo Laroussi alimwambia hakimu kwamba alitia sahihi kwa sababu aliambiwa Salouha naye ataletwa kituoni, na kwamba moto ulipowaka alikuwa nyumbani kwa mama yake. Nilimfanyia Laroussi lile lile alilofanyiwa Baba, na nikaliita haki.

Jumatatu asubuhi, kabla ya kikao, nilimpelekea Jaji kahawa, nikamweleza yote nikiwa nimesimama. Akasema nimefanya kosa na litaandikwa, na kwamba angependa kunywa kahawa ile ikiwa bado ya moto. Kikao kilipoanza aliamua mlango ubaki wazi. Akaagiza jalada lisomwe lote kwa sauti, ya juu na ya chini, na maneno ya muuza mboga yapimwe kwa yale aliyoyasema mwanzo. Redio hakuiamrisha kitu. Alisema tu kwamba waliosikia nusu wana haki ya kusikia nusu ya pili. Jioni ile Ines alisoma karatasi ya hakimu yote, na akasema kwa kinywa chake kwamba ya kwanza aliisoma bila kuuliza kama kuna nyingine.

Mpaka leo sijui kama Laroussi alichoma au hakuchoma. Lakini hata Taieb sasa anasema tungoje tusikie, na hiyo kwa Taieb si ndogo.

Nilikwenda kwa Salouha kumwambia. Hakunikaribisha ndani, wala hakunifungia mlango. Alisema niyaseme mbele ya watu kama nilivyomwambia yeye. Kwa hiyo Alhamisi ya wiki ijayo nitasimama ukumbini na kuapa. Kazi huenda nikaipoteza, Jaji hakunificha. Ines alikuja kuniuliza kama nataka jina langu lisitajwe redioni, maana hata sasa hatanitaja bila idhini yangu. Nimemwambia alitaje, pamoja na kazi yangu na kosa langu, lakini anisubiri kwanza niyaseme mbele ya Jaji, na ayaseme yote. Ameahidi. Nina hofu, kaka, lakini nalala vizuri.

Mama bado sijamwambia. Nataka kujua kwako kama nimwambie mwenyewe au asubiri akusikie wewe kwenye simu. Wasalimie wote, na Naziha mbusu kichwani. Mungu akulinde ugenini.

Tafadhali nijibu upesi, kabla ya Alhamisi hiyo.

Dada yako,
Beya