Kikapu Kisicho na Kitako

Bigwa, Morogoro
12 Machi 1995

Kwako mke mwenzangu Shadia,

Asalaam aleikum. Sisi wazima, kiuno changu ndicho hakisikii dawa. Wewe je, baridi ya Italia imekuachia masikio?

Kanda yako ya video imefika. Lukasi, mwenye banda la video pale Msamvu, alizima picha yake ya mateke akatuwekea wewe. Nikakaa mbele kama bibi harusi. Sasa nieleze. Kikapu gani hicho kisicho na kitako? Mtu anahangaika kutia mpira, mpira unadondoka chini, na watu wanashangilia! Na hiyo kaptula? Kiwanda cha nguo hapa mjini kimefungwa, kumbe na huko vitambaa vimeadimika. Halafu ulikimbia mwanzoni tu, baadaye ukakaa kwenye kiti na taulo begani, wenzako wanatoka jasho. Ndiyo kazi uliyoifuata?

Jingine. Mansuri, mjomba wako niliyemzaa mwenyewe, sasa ndiye anayegawa mashamba ya ukoo, na kichwa kimemvimba. Anasema lile shamba la mlimani alilokuachia marehemu mama yako halina mwenyewe, ni mimi tu nalikwaruza, basi apewe Mwanvita wa mama yako mdogo, ana watoto na hana pa kulima. Nimemwambia angoje. Vuli njoo ushike jembe, watu wakuone kwa macho.

Bibi yako,
Mwaisha


Italia, 20 Aprili 1995

Bibi yangu mpenzi,

Shikamoo. Masikio ninayo yote. Pole na kiuno.

Kikapu hakina kitako ili mchezo usisimame. Kingekuwa nacho, tungekuwa tunapanda ngazi kila saa kuutoa mpira. Na kukaa kwenye kiti nako ni kazi, Bibi. Huku si kama mpira wa miguu, ukitoka ndiyo basi. Mtu anatoka, anapumzika, kocha akimtaka anarudi. Kaptula ndizo sare, nivumilie.

Tafadhali mwambie Mjomba asiligawe shamba. Ni la mama. Mkataba wangu unaisha Juni, vuli nakuja.

Mjukuu wako,
Shadia


Bigwa, 3 Julai 1995

Shadia,

Asalaam aleikum. Tu wazima, mahindi yamekauka vizuri.

Nimesimama mbele ya wazee, nikawaambia: Shadia hajatoka, yuko kwenye kiti, atarudi. Mzee Yunusi akadakia, “Kiti kiko Italia, shamba liko Bigwa, huyo kocha anaita kwa tarumbeta?” Wakacheka mpaka nikatafuta bakora. Lakini wamekubali kungoja vuli.

Sasa tuko wawili tu. Nimerudi kwa Lukasi nikaitazama kanda tena na tena, mpaka akanichoka. Wenzako wakisimama kupiga makofi, wewe unashika bega la jirani ndipo unainuka. Mguu wa kushoto huukanyagi. Mguu huo nimeukanda kwa mafuta ya nyonyo ungali mchanga, leo unanificha mimi? Umefanya nini? Jembe utaliweza? Na usinijibu habari za ngazi.

Bibi yako


Italia, 28 Septemba 1995

Bibi,

Shikamoo. Natumaini mu wazima. Nimechelewa kwa sababu kila nikiandika nachana.

Goti limechanika ndani. Ni siku ile ile ya kwenye kanda. Ndiyo mechi yangu ya mwisho, ndiyo maana niliituma. Wamelipasua, wakalipasua tena, na daktari amesema kucheza basi. Kutembea natembea. Kupanda mlimani na jembe, sijui.

Klabu wamenipa kazi ya kufundisha wasichana wadogo. Nikikubali, vuli siji, wala masika. Nikikataa, nitarudi niwe nani? Timu yetu ya kiwandani ilikufa na kiwanda chenyewe. Bibi, ungekuwa wewe ungefanyaje?

Mjukuu wako


Bigwa, 9 Januari 1996

Shadia,

Asalaam aleikum. Pole, mwanangu. Pole sana.

Ningefanyaje? Mimi sijawahi kuulizwa, niliozwa. Ndiyo maana swali lako nimelala nalo, nimeamka nalo, na bado nalitazama tu. Hao wasichana ni warefu kama wewe? Wanakuamkia? Wanakuitaje?

Vuli imepita, Mansuri amempa Mwanvita shamba. Sikugombana. Nilipiga kelele kidogo tu, wasinizoee.

Jana nikajikokota mlimani kumkagua. Amelima vizuri, nasema huku roho inauma. Maharage, mahindi, viazi. Lakini mti hakuna, hata mgomba. Unajua kwetu: anayelima shamba la mwenzake hapandi mti, maana mti ukishika mizizi, shamba ni la aliyeupanda. Nikamwuliza, “Mwanvita, umepewa mbele ya wazee. Mbona hupandi hata mchungwa?”

Akaendelea kupalilia, hakuinua kichwa. “Mwenyewe hajasema, Bibi.”

“Wazee wamesema.”

“Wazee siyo Shadia.”

Nikakaa pale pale juu ya tuta. Kumbe miche anayo, ameikuza kwenye makopo nyuma ya nyumba, mingine imemfika kiunoni.

Basi sema wewe. Apande, au asipande? Sitakukasirikia. Nikikasirika, ni siku mbili tatu.

Bibi yako


Italia, 2 Februari 1996

Bibi yangu,

Shikamoo. Goti halijambo.

Wananiita mwalimu. Ni wafupi, hawaniamkii, wana maswali kama wewe. Mmoja jana aliniuliza kama kwetu kuna milima. Nikamchorea.

Nimeshatia sahihi.

Mwambie Mwanvita asingoje, apande michungwa yake yote masika hii. Siku nikija nitasimama mpakani nipige hodi, anikaribishe kama mgeni.

Mjukuu wako,
Shadia